Moto, maji na karatasi: ni nini hasa kilichowahamisha Wamarekani?

Alfajiri ya 18 Aprili 1906 ardhi ilitetemeka San Francisco, kisha moto ukautafuna mji kwa siku kadhaa. Watu wapatao 3,000 walikufa, na zaidi ya nusu ya wakazi 400,000 wakabaki bila makao. Lakini kilichogeuza historia ya uhamiaji pale si nyumba zilizoungua, ni majalada. Kumbukumbu za vizazi za mji ziligeuka majivu, na kwa Wachina, ambao vibarua wao walikuwa wamefungiwa mlango wa Marekani na sheria ya 1882, majivu yale yalikuwa bahati ya mtende.

Tangu hukumu ya kesi ya Wong Kim Ark ya 1898, aliyezaliwa katika ardhi ya Marekani alikuwa raia hata kama wazazi wake ni Wachina. Sasa nani angembishia mtu anayesema amezaliwa hapo hapo, ila kumbukumbu zake zimeungua? Na raia aliruhusiwa kuleta watoto wake. Basi mtu alikwenda kusalimia kwao Guangdong, akirudi anaandikisha kwamba amepata mtoto wa kiume, apate asipate. Nafasi ile baadaye inauzwa kwa kijana wa jirani. Vijana hao wakaitwa watoto wa karatasi. Serikali nayo haikulala. Kuanzia 1910, katika kituo cha Angel Island, maofisa waliwahoji kwa siku nyingi: ngazi ya nyumba yenu ina vidato vingapi? Kisima kiko upande gani wa kijiji? Vijana walikariri majibu wakiwa melini, wakazitupa karatasi za majibu baharini kabla ya kutia nanga.

Kwa wanaosema kwamba Marekani ya leo imefinyangwa na majanga na vita kuliko na wanasiasa, sidhani kama wana kisa kizuri kuliko hiki. Hakuna bunge lililopanga. Ardhi ilitikisika, na familia zikaota mizizi mahali ambapo sheria ilisema zisiote.

Wapo wanaolikataa wazo hilo, nao wana hoja nzito. Wanasema janga ni tukio tu. Kinachoamua nani ahame na nani abaki ni wenye mamlaka na wenye mali. Ukitaka kuwaelewa, acha moto, uende kwenye maji.

Aprili 1927 mto Mississippi ulifura kuliko ulivyokuwa umewahi kukumbukwa. Tarehe 21 tuta la Mounds Landing likapasuka, na maji yakaifunika sehemu kubwa ya nchi ya pamba inayoitwa Delta. Mjini Greenville, watu weusi wapatao 13,000 walikimbilia juu ya tuta, utepe mwembamba wa ardhi kavu, mto huku na mafuriko kule. Meli zilikuja kuwaokoa. Wazungu walipanda. Watu weusi wakazuiwa, kwa sababu wenye mashamba waliogopa kwamba wakishaondoka hawatarudi tena, na pamba ataichuma nani? Will Percy, aliyeongoza kamati ya misaada, alitaka waondolewe. Baba yake LeRoy, seneta wa zamani na mwenye mashamba, akahakikisha hawaondolewi. Wanajeshi wa akiba walisimama na bunduki. Mgao wa chakula ukafungamanishwa na kazi, na mwanamume mweusi akatakiwa kuvaa kitambulisho kinachoonyesha anafanya kazi wapi. Huko San Francisco karatasi iliyoungua ilimfungulia mtu njia. Huku Greenville kitambulisho alichovaa kilimfungia.

Kwa hiyo maji peke yake hayakuamua nani ahame. Watu weusi waliokuwa wanaihama kusini tayari walikuwa wameanza safari zaidi ya miaka 10 kabla, na hapo ndipo Vita Vikuu vya Kwanza vinapoingia.

Mwaka 1914 wahamiaji zaidi ya milioni 1.2 waliingia Marekani, wengi wao kutoka Ulaya. Kufikia 1918, vita vikiwa vimefunga bahari, walikuwa kama 110,000 tu. Viwanda vya chuma na vya kufungasha nyama vya kaskazini vikakosa mikono wakati oda za silaha zikimiminika. Huko kusini, fukusi wa pamba aliyevuka kutoka Mexico katika miaka ya 1890 alikuwa anatafuna vitumba jimbo baada ya jimbo. Ukijumlisha na mshahara duni, deni lisiloisha dukani kwa mwenye shamba, na hofu ya kunyongwa na kundi la watu bila kesi, unapata treni zilizojaa. Chicago ilikuwa na watu weusi 44,000 mwaka 1910. Mwaka 1920 walikuwa 109,000. Hadi kufikia 1970 watu weusi wapatao milioni sita walikuwa wameihama kusini.

Je, vita ndivyo vilivyowahamisha? Nusu tu. Gazeti la Chicago Defender la Robert Abbott, lililosambazwa kimyakimya na wahudumu wa mabehewa ya treni, lilikuwa likiwaita watu waje. Wazungu wa kusini walijua nguvu ya wito huo. Mji wa Macon, Georgia, uliweka leseni ya dola 25,000 kwa wakala yeyote wa kuajiri watu wa kwenda kaskazini, tena aje na barua za wachungaji na wafanyabiashara wa hapo hapo. Huweki kofuli la bei hiyo kwenye mlango ambao hakuna anayetaka kuupita. Na vita vilipokwisha, Wazungu wa Ulaya wangeweza kurudi kuchukua kazi zao. Sheria za uhamiaji za 1921 na 1924 zikawapunguza mno. Vita vilifungua nafasi, sheria ikaiacha wazi. Tena ikaiacha wazi bila kukusudia, maana waliotunga sheria zile hawakuwa wakimfikiria mkulima mweusi wa Mississippi hata kidogo.

Hapa ndipo ninapoachana kidogo na wale wa sera, wanaosema wenye mamlaka ndio huamua. Wanapoeleza, utadhani wahamaji ni mizigo inayopakiwa na kushushwa. Waliopanda treni usiku bila kumuaga mwenye shamba hawakuwa wakitekeleza sera ya mtu. Lakini wakinibana nichague, nitakuwa upande wa wale wa sera, na sababu yangu ni Vita Vikuu vya Pili.

Tarehe 25 Juni 1941, A. Philip Randolph, kiongozi wa chama cha wahudumu wa mabehewa ya treni, akiwa ametishia kuandamana Washington na maelfu ya watu weusi, Rais Roosevelt alitia saini Amri 8802 iliyokataza ubaguzi wa ajira katika viwanda vya ulinzi. Marekani ilikuwa haijaingia vitani, ila viwanda vilikuwa vinanguruma. Tarehe 19 Februari 1942 rais huyo huyo alitia saini Amri 9066, na watu 120,000 wenye asili ya Japani, wengi wao raia, wakaondolewa pwani ya magharibi na kufungiwa kambini. Hofu ya vita ilikuwa ile ile. Cha kushangaza zaidi ni Hawaii, mahali palipopigwa mabomu kwa kweli: huko watu wenye asili ya Japani walikuwa zaidi ya theluthi moja ya wakazi, na hawakufungwa kwa wingi. Nani angefanya kazi? Swali ni lile lile la Greenville, isipokuwa safari hii lilimwacha mtu nyumbani kwake badala ya kumnyima meli.

Wasomaji wa Kiswahili hatuko mbali na haya. Vita vya mashariki mwa Kongo vimewakimbiza watu tangu 1996, na kwa miaka kadhaa kabla ya 2025 Wakongo waliongoza orodha ya wakimbizi waliopokelewa Marekani, wengi wakiwa wamepitia kambi kama Nyarugusu, Kigoma. Vita ndivyo vilivyowatoa nyumbani, hilo halina ubishi. Ila kutoka Nyarugusu hadi Marekani kuna mahojiano, vipimo vya afya, na idadi ambayo rais huipanga kila mwaka. Tarehe 20 Januari 2025 Rais Trump alitia saini amri ya kusimamisha mpango wa kupokea wakimbizi, ianze kutumika tarehe 27. Wapo waliokuwa wameshapangiwa ndege. Tarehe hiyo hiyo 27, wapiganaji wa kundi la waasi la M23 walikuwa wanaingia Goma, mashariki mwa Kongo.