Ile piano ya Sakamoto, mwangalie kwanza usoni

Watu wengi wakitajiwa Ryuichi Sakamoto, mtunzi wa muziki wa Japani, wanakumbuka piano moja tu, ile ya filamu ya Merry Christmas, Mr. Lawrence, na ukiwaambia mtunzi mwenyewe yumo humo ndani ya muvi anaigiza wanashtuka. Mi nasema ile piano huielewi mpaka umwangalie usoni.

Iko hivi. Nagisa Oshima, mwongozaji wa Japani, alikuwa anatengeneza hiyo filamu, ya kambi ya Wajapani ya wafungwa wa vita kule kisiwa cha Java, 1942, akamtaka Sakamoto acheze Kapteni Yonoi, mkuu wa kambi. Jamaa ni mtu wa bendi bana, Yellow Magic Orchestra, wale watatu wa Tokyo waliokuwa wanapiga sintesaiza na kompyuta toka 1978. Yeye akatoa sharti, nikiigiza basi na muziki natunga mimi. Kijana wa miaka 30, hajawahi kutunga muziki wa filamu hata moja, anamwekea sharti mwongozaji mkubwa vile! Oshima akakubali, filamu ikatoka 1983.

Tuseme ukweli, kuigiza alikuwa mkavu. Anasimama kama nguzo, maneno anayatoa kama amri hata pasipo na amri. Lakini Yonoi ndo mtu wa hivyo, mwanajeshi aliyempenda mfungwa wake na hathubutu kujiambia hata mwenyewe, na pale David Bowie, yule mwanamuziki wa Uingereza anayemcheza huyo mfungwa, anapomfuata mbele ya kambi nzima akambusu mashavuni, Yonoi anainua upanga, mkono unagoma, anaanguka chini bila neno. Muziki ndo unaongea. Yote aliyoyabana kifuani yanatokea pale, na aliyeyatunga ndo huyohuyo aliyevaa gwanda, sasa nani mwingine angejua yanauma wapi?

The Last Emperor, filamu ya Mwitaliano Bertolucci, 1987, mambo ni yaleyale, aliitwa kumcheza Amakasu, ofisa wa Kijapani, muziki akaombwa baadaye, akapata Oscar ya muziki pamoja na watunzi wenzake David Byrne na Cong Su. Baada ya hapo kuigiza akakufanya kwa nadra sana na mi naona sinema ilipoteza.

Masikio yake nayo yalizidi kufunguka. Tsunami ya 2011 ilizamisha piano moja ya shule kule Miyagi, Japani, nyuzi zikaharibika kabisa, watu wangeitupa, yeye akaikalia akaipiga, akasema asili imeipanga sauti inavyotaka yenyewe, na sauti yake akaiingiza kwenye albamu ya async, 2017, wakati huo ameshaugua saratani ya koo.

Alifariki 28 Machi 2023. Kabla ya hapo mwanawe, Neo Sora, alimrekodi kwenye filamu ya Opus, rangi nyeusi na nyeupe, mzee peke yake na piano, amekonda, pumzi unazisikia kabisa. Akifika kwenye ule wimbo wa filamu ya Yonoi mi vidole siviangalii, naangalia uso.