Coffy: Kisasi cha Nesi, na Kamera Isiyomheshimu

Wanaoitetea filamu ya Coffy ya mwaka 1973 na wanaoilaani wote wana ushahidi, na mara nyingine wanautoa kwenye tukio lilelile. Jack Hill aliiandika na kuiongoza kwa ajili ya American International Pictures, kwa bajeti inayotajwa kuwa takriban dola 500,000, pesa kiduchu kwa filamu ya Hollywood. Pam Grier anaigiza Coffy, nesi ambaye mdogo wake wa kike, LuBelle, mwenye miaka 11 tu, ameharibiwa na dawa za kulevya. Nesi huyo anaanza kuwasaka wahusika, kuanzia wauza unga wa mtaani hadi vigogo wanaowalinda.

Lawama zilikuwepo hata kabla filamu haijatoka. Mwaka 1972 Junius Griffin, wa tawi la Beverly Hills-Hollywood la NAACP, chama cha kutetea haki za weusi Marekani, alisimama kupinga wimbi zima la filamu za aina hii, ziitwazo blaxploitation, yaani filamu za bei nafuu zenye wahusika wakuu weusi, kwa kuwatukuza wanaume weusi kama makuwadi, wauza unga na majambazi. Kwa Coffy hoja hiyo haishiki sana, maana humu kuwadi na mwuza unga ndio wanaosakwa. Lakini manung'uniko yanabaki upande mwingine: mwili wa mwanamke.

Tazama ule ugomvi kwenye sherehe. Coffy amejifanya kahaba kutoka Jamaika ili amfikie bosi wa genge. Wanawake wengine wanamvamia, mmoja anazikamata nywele zake kwa nguvu, kisha anapiga yowe huku mkono ukivuja damu: Coffy ameficha nyembe ndani ya afro. Huo ni ujanja wa mtu aliyejiandaa, anayejua adui atashika wapi kwanza. Ila katika purukushani hiyohiyo magauni yanachanwa moja baada ya jingine na kamera inatulia kwenye vifua. Watetezi husema kampuni isiyo na pesa ya kulipa nyota ilikuwa haina kingine cha kuuza. Sikubali. Ufukara unaeleza kwa nini seti ni duni na wahusika wadogo wanaigiza kwa kubabaisha. Kamera ielekee wapi ni uamuzi wa mtu, na haukugharimu senti ya ziada.

Pale ambapo filamu inamheshimu, inamheshimu kwelikweli. Mwanzoni anamuua mwuza unga kwa bunduki iliyokatwa mtutu, kisha anamlazimisha mwenzake wa huyo ajidunge dozi ya kumuua. Baada ya hapo anarudi kazini, katika chumba cha upasuaji, lakini ametetemeka kiasi kwamba anaambiwa atoke. Filamu nyingi za kisasi zinampa mlipizaji utulivu wa ajabu baada ya kuua. Huyu amefundishwa kuokoa maisha, na mwili wake unamkatalia. Grier anaicheza sehemu hiyo bila mbwembwe, na kwangu ndiyo hoja nzito kuliko zote za kuitetea kazi hii.

Mwisho wake unanisumbua zaidi. Mpenzi wa Coffy, Howard Brunswick, ni diwani anayegombea kuingia Bunge la Marekani, na kumbe yuko upande wa genge. Ameridhia hata yeye Coffy auawe. Coffy anapomfuata na bunduki, Brunswick anamwaga maneno matamu: pesa za unga zitawapa weusi nguvu ya kisiasa. Coffy anaanza kulegea. Ndipo mwanamke wa kizungu anapotokea chumbani, na Coffy anamfyatulia Brunswick risasi. Je, amemuua msaliti wa watu wake, au mpenzi aliyemsaliti kitandani? Unaweza kusema yote mawili yameungana, kwamba kwa Coffy siasa na mapenzi vimeoza mikononi mwa mtu mmoja. Tafsiri hiyo ina nguvu. Bado naona Hill alirudi nyuma hatua moja. Brunswick alikuwa tayari amehalalisha sumu iliyomharibu LuBelle. Hilo peke yake lilitosha kuifyatua bunduki ile, na mwandishi hakuliamini.