Patrick Fillion na shujaa aliyevuliwa vazi

Fungua kitabu chochote cha katuni za mashujaa wa Marekani, utazame kifua cha shujaa. Vazi limebana hadi misuli inahesabika. Ni kama rangi iliyopakwa juu ya ngozi. Patrick Fillion, mchoraji wa Kanada aliyeanzisha kampuni ya katuni ya Class Comics jijini Vancouver pamoja na Robert Fraser, ameifuta hiyo rangi. Mashujaa wake, kama Naked Justice na Camili-Cat, kiumbe wa sayari nyingine mwenye asili ya paka, hupambana na maadui kisha hulala na wanaume wenzao, na mchoro haufichi kitu.

Wapo wanaosema hiyo ni ponografia tu iliyovishwa joho la shujaa. Ngono ipo, tena waziwazi, wala sioni haja ya kuitafutia jina la heshima. Lakini kanuni ambazo wachapishaji wa Marekani walijiwekea mwaka 1954 ziliwafungia mashoga mlango hadi zilipolegezwa 1989. Northstar, shujaa wa kampuni ya Marvel, naye Mkanada, alijitangaza kuwa shoga 1992 katikati ya pigano. Harusi yake na mwanaume mwenzake ikasubiri hadi 2012. Miaka yote hiyo, msomaji aliyetaka kuona shujaa akimtamani mwanaume mwenzake angekwenda wapi?

Hata Vancouver kwenyewe uhuru huo ulipiganiwa. Little Sister's, duka la vitabu vya mashoga na wasagaji, lilivutana miaka mingi na forodha iliyozuia mizigo yake, huku vitabu vilevile vikiruhusiwa kuingia kwa maduka mengine. Mwaka 2000 Mahakama ya Juu ya Kanada ilikiri kwamba duka lilibaguliwa, ingawa sehemu kubwa ya sheria iliachwa ilivyo.

Lawama inayonigusa zaidi ni ya miili. Kurasa za Fillion zimejaa mabega mapana, matumbo yenye misuli iliyogawanyika vipande vipande, na maumbile yaliyokuzwa kupita kiasi. Watetezi wake hujibu kwamba Superman naye hana kitambi. Ni kweli, ila Superman hakuahidi kumpa nafasi msomaji aliyeachwa nje. Shoga mwembamba, au mzee, anafika kwenye kitabu alichoambiwa ni chake na kukuta hayumo.

Mkono uliomchora paka wa sayari nyingine akatamanika hauwezi kushindwa kumchora mwanaume wa miaka 50, mwenye kitambi, akiokoa jiji kisha akirudi nyumbani kupokewa kwa busu.