Shangazi na Bibi wa Kijivu

Shangazi yangu ni mwalimu mstaafu wa fasihi kutoka Moshi. Alifundisha Makbeth, mchezo wa Shakespeare katika ile tafsiri ya S. S. Mushi ya mwaka 1968, kwa moto kiasi kwamba wanafunzi wake waliogopa kupita njia panda jioni. Kwa hiyo aliponitembelea Uskoti, maduka hakuyataka. Edinburgh tulikwenda kwa heshima ya Mwalimu Nyerere, aliyesoma chuo kikuu pale kuanzia 1949 hadi 1952. Tukapiga picha, tukaondoka. Hamu yake ilikuwa kasri la Glamis, kaskazini ya Dundee, kwa sababu Makbeth anaanza mchezo akiwa bwana wa Glamis.

Ilikuwa Julai, na kwa Uskoti hiyo haimaanishi joto. Nikamfunika mtandio wa sufi wa kijivu, kutoka utosini hadi magotini. Mtandio huo ndio ulioleta balaa.

Ndani ya kasri watu huzungushwa kwa makundi, mwongoza wageni mbele, na kundi jingine linafuata nyuma. Wetu alikuwa mama mmoja mpole. Tulipofika chumba kiitwacho Ukumbi wa Duncan, jina la mfalme anayeuawa na Makbeth, Shangazi akanyoosha kidole.

"Samahani. Duncan hakuuawa hapa. Kwenye mchezo anauawa Inverness. Na yule wa kwenye historia alikufa vitani karibu na Elgin mwaka 1040, kasri hili halijajengwa."

Mama wa watu akatabasamu, akakubali kila neno. Tangu hapo nusu ya kundi ikawa inamtazama Shangazi kila tukiingia chumba kipya, ikingoja ithibati.

Kisha tukaingia kanisani. Ni kanisa dogo, kuta na dari zimejaa michoro ya Mholanzi Jacob de Wet, ya mwaka 1688. Mwongoza wageni akashusha sauti, akatusimulia habari za Janet Douglas, Lady Glamis, aliyechomwa moto Edinburgh mwaka 1537 kwa tuhuma za kupanga kumwekea sumu Mfalme James wa Tano. Kosa lake kubwa lilikuwa kuzaliwa ukoo wa Douglas, ambao mfalme hakutaka hata kuusikia. Wanasema ndiye Bibi wa Kijivu, mzimu unaoonekana humo kanisani ukisali, na kuna kiti kimoja ambacho hakikaliwi na yeyote. Ni chake.

Hayo yote Shangazi hakuyasikia. Alikuwa amemkodolea macho Yesu.

"Wewe," akaninong'oneza, "Yesu kavaa pama."

Kweli, kwenye mchoro mmoja amevaa kofia pana. Nikamweleza kwamba ni asubuhi ile ya ufufuo, Maria Magdalena alipomdhania mtunza bustani. Akafikiri kidogo. "Basi huyu Mholanzi alisoma Yohana sura ya 20," akasema, akamsamehe. Kundi lilipoanza kutoka akaniambia, "Tangulieni, mwanangu. Nasali kidogo, nawakuta."

Tulikuwa chumba cha pili tu niliposikia ukelele wa mwanamke. Halafu kelele nyingi. Halafu, juu ya kelele zote, sauti ninayoijua tangu utotoni:

"Ushindwe! Ushindwe na ulegee, kwa jina la Yesu!"

Nilivyokuja kuambiwa ni hivi. Kundi la nyuma yetu lilikuwa limeshapewa kisa chote mlangoni. Jamaa wa kwanza kuingia, pande la mtu na kamera yake, akakuta kiumbe cha kijivu kimeinama kwenye kiti kile kile, kinanong'ona lugha asiyoijua. Shangazi husali Kichaga. Jamaa akarudi nyuma, akamkanyaga mkewe, mke akapiga yowe la mguu, na wengine wakapiga yowe la mke. Shangazi akainua uso, akaona kundi la Wazungu weupe kuliko kawaida yao wanamtazama, akajua walichokiona kiko nyuma yake. Mlutheri wa uamsho hageuki kuangalia pepo. Akashika mkoba, akasimama, akaanza kukemea, na kila "ushindwe" ukawasukuma hatua moja kuelekea mlangoni.

Nami nikaingia mbio nikipaza sauti kwa Kiingereza, "Ni shangazi yangu!" Haikusaidia. Wakanitazama kama mtu aliyekiri ukoo.

Mwongoza wageni wao ndiye aliyeelewa kwanza, maana alianza kucheka hadi akajishika ukuta. Ilibidi nimweleze Shangazi taratibu alikuwa amekaa kwenye kiti cha nani. Mzimu haukumuudhi. Kilichomuudhi ni kingine: "Mimi, na rangi yangu hii, mke wa lodi wa Kiskoti? Hawa wana macho kweli?"

Baadaye, mgahawani, yule mke wa mwenye kamera alikuja akichechemea, akaomba radhi na kutulipia chai na keki. Shangazi akatia sukari, akakoroga, akamuuliza swali lililokuwa likimkaa rohoni.

"Mlijua mna mzimu humo ndani?"

"Tulijua."

"Na mkalipa kiingilio?"

"Ndiyo sababu tulilipa."

Shangazi akaweka kijiko chini. "Kwetu Moshi," akamwambia, "ungetulipa sisi."