Maji Maji: mnazungumza sana maji, njaa mnaisahau

Kila ikikaribia tarehe 27 Februari, siku ambayo Songea wanawakumbuka mashujaa wao wa Maji Maji, ile vita ya watu wa kusini dhidi ya Wajerumani 1905 mpaka 1907, mabishano ni yale yale. Mmoja anasema babu zetu walidanganywa na mganga, wakaenda kifua wazi mbele ya bunduki wakiamini risasi zitageuka maji, mwingine anajibu hapana bwana, ile ilikuwa vita ya ukombozi na taifa letu lilianzia pale. Nimewasikiliza wote na wote wana hoja, ila mimi ile ya kwanza inaniuma kweli, maana inawafanya watu wa Kilwa, Liwale, Mahenge na Songea waonekane wajinga, na ukiangalia walichokuwa wanafanyiwa huwezi kusema walikuwa wajinga.

Anza na pamba. Gavana wa Kijerumani, von Götzen, alileta mpango wake mwaka 1902, kwamba kila eneo la jumbe, yaani mkuu wa kijiji, liwe na shamba la pamoja na watu waende kulima, siku 28 kwa mwaka, hizo ni za kwenye karatasi kwa sababu akida, yule msimamizi wa majumbe aliyewekwa na Wajerumani, na kiboko chake alikuwa hahesabu siku. Pamba ikiuzwa hela inagawanywa kwa waliolima, jumbe na serikali. Msimu wa kwanza aliyelima alipewa senti 35, wapo waliokataa kabisa kuzipokea, na hapo hapo anadaiwa kodi ya rupia 3, sasa niambie hiyo kodi ataitoa wapi. Na kitu ambacho watu hawakisemi sana ni kwamba pamba inataka palizi wakati ule ule mtama na mpunga unataka palizi. Wanaume wako shamba la akida au kibaruani, nyumbani amebaki mama na watoto wanapambana na nguruwe pori na ndege. Yaani chakula kilianza kuwa shida hata kabla risasi moja haijapigwa.

Kwa hiyo Julai 1905 watu wa Nandete kule Umatumbi walipong'oa miche michache tu ya pamba, walijua wanagusa nini.

Sasa maji yenyewe. Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe, ndiye huyo mganga anayesemwa, alikuwa anatoa maji yenye mtama ndani, watu wanatoka mbali kuyafuata, na ujumbe ukapita chini kwa chini kijiji hadi kijiji, Wamatumbi walikuwa na jina lake, njwiywila. Fikiria, hao walikuwa watu wasio na mfalme mmoja wala jeshi, kila ukoo na mzee wake. Ukitaka kuwaunganisha Wamatumbi, Wangindo, Wapogoro, Wambunga na wengine utumie nini? Kiapo kimoja, dawa moja ambayo mkulima anaielewa kwa sababu dawa ya kulinda shamba alikuwa nayo siku zote. Ndani ya wiki chache vita ilishasambaa kusini karibu yote. Kinjikitile mwenyewe alinyongwa Mohoro tarehe 4 Agosti, vita ndiyo kwanza inaanza, na haikusimama, kwa hiyo hiyo habari ya mtu mmoja kudanganya watu inaishia hapo.

Na hata Mahenge. Tarehe 30 Agosti maelfu walishambulia boma la Wajerumani wakakutana na bunduki za rashasha, waliokufa pale ni wengi mno. Kama imani ya maji ndiyo ilikuwa sababu pekee ya kupigana basi vita ingeisha jioni ile ile. Haikuisha. Wengi waliacha kwenda mbele mbele wakaanza kuvizia porini, na hiyo iliendelea mpaka 1907. Huyo anapigana miaka miwili akijua kabisa risasi inaua.

Lakini haki ni haki, upande wa pili nao usikilizwe. Si kweli kwamba wote walisimama pamoja. Wahehe, ambao chifu wao Mkwawa alikufa 1898 baada ya kupigana na Wajerumani muda mrefu, safari hii walikuwa upande wa Mjerumani, na chifu Kiwanga kule bonde la Ulanga hivyo hivyo. Wakubwa wa Wangoni nao walikuwa na hasira zao za kunyang'anywa utawala na watu wao, hawakuingia vitani kwa ajili ya Tanganyika, nchi ya jina hilo haikuwepo kwenye ramani. Wapo waliokunywa maji kwa kumuogopa jirani. Askofu Cassian Spiss aliuawa karibu na Liwale pamoja na mabruda wawili na masista wawili, hawakuwa askari. Hayo yaliumiza watu na hayafutiki kwa kusema tu ukombozi.

Ila mkishamaliza kuhesabu makosa ya waliopigana, naomba mgeukie hesabu nyingine, hiyo ndiyo inanikosesha usingizi. Kwa upande wa Wajerumani walikufa Wazungu 15. Kumi na tano. Na askari wao Waafrika 389, vijana wa watu wengine ambao nao hakuna anayewakumbuka popote. Upande wetu serikali ya Kijerumani yenyewe ilisema 75,000. Mwanahistoria Gilbert Gwassa, aliyekwenda kuzungumza na wazee wa huko miaka ya 1960, alifikia kati ya 250,000 na 300,000. Angalia hiyo tofauti. Watu zaidi ya laki na nusu, kwenye hesabu moja wapo na kwenye nyingine hawapo, na sababu ni kwamba hao hawakufa mbele ya boma ambako afisa anaweza kuhesabu miili, walikufa kwenye vibanda, njiani, porini wakichimba mizizi. Maana kuanzia Oktoba 1905 vikosi vilipopelekwa kusini kazi kubwa ilikuwa kuchoma vijiji, kubeba au kuteketeza chakula kwenye maghala na kuzuia watu wasipande. Maafisa waliliandika wenyewe kwamba njaa ndiyo itawafanya hawa watu wasalimu amri, haikuwa bahati mbaya. Na njaa haichagui aliyekunywa maji na asiyekunywa, inaanza na mtoto na bibi kizee.

Kwa hiyo unaposema "walikufa kwa kuamini maji" unamsaidia aliyechoma mtama kuondoka zake kimya kimya, mi siwezi kukubali hilo.

Baadaye ndiyo, gavana mpya Rechenberg alikuja na siasa laini kidogo, kilimo cha mwenyeji kikapewa nafasi, wengine wanasema basi vita ilizaa matunda. Inawezekana. Lakini kusini ilikuwa imeshabaki tupu. Palipokuwa na mashamba pori lilirudi, tembo wakarudi na mbung'o pia, na miaka ya 1940 Waingereza wakawahamisha watu wengine wa Liwale kwa sababu ya malale, ardhi ikaingizwa kwenye Pori la Akiba la Selous. Mtalii anaambiwa ni pori ambalo halijawahi kuguswa na binadamu. Liliguswa sana.

Novemba 2023 Rais Steinmeier wa Ujerumani alifika Songea akainama mbele ya makaburi, akaomba msamaha. Nilifurahi, sitaki kusema uongo. Pale wamelala walionyongwa Februari 1906, yumo na mwanamke, Nkomanile, na familia ya Songea Mbano, mkubwa wa Wangoni aliyenyongwa pia, bado inauliza kichwa cha babu yao kilipelekwa wapi, Steinmeier akaahidi watasaidiana kukitafuta. Sawa, kitafutwe. Ila waliofia porini na watoto mgongoni hawana kaburi la kuinamiwa, na ndio walikuwa wengi.