Ngome za William Mshindi zilimlinda nani hasa?

Lincoln nyumba 166. Norwich 98. Shrewsbury 51. Cambridge 27. Hizo ni nyumba za watu kwenye miji ya Uingereza, zilizoondolewa au kumezwa ili ngome za Wanormani (watu wa Normandy, Ufaransa, walioiteka Uingereza mwaka 1066 chini ya William) zipate nafasi, na hesabu yenyewe haijatoka kwa wapinzani wa mfalme, imo kwenye kitabu chake mwenyewe cha Domesday, ile sensa ya ardhi na mali aliyoiagiza Krismasi ya 1085 ikafanyika 1086. Na usidhani makarani waliandika kwa huruma. Waliandika kwa sababu nyumba iliyobomolewa hailipi kodi na mkubwa alitaka kujua kila senti inapotelea wapi. Norwich wachimbuaji wa mambo ya kale wamekuja kukuta mpaka kanisa na makaburi ya Wasaksoni, yaani Waingereza wa kabla ya Wanormani, chini ya ua wa ngome, yaani hata marehemu hawakuachwa.

Nimeanza na hizo namba makusudi maana mjadala wa William Mshindi huwa unaenda pande mbili tu, kama mechi. Kuna wanaosema bila yule jamaa Uingereza ingeendelea kuwa shamba la Waviking, yeye ndo kaleta mawe, utaratibu na serikali inayoeleweka. Wengine wanasema alikuwa mvamizi, mnyang'anyi, muuaji wa Kaskazini, mjadala umefungwa. Mimi naona wote wanaipa ngome sifa kubwa kuliko kazi iliyofanya. Ngome ilimsaidia William kushika miji, sawa, ila kuishinda nchi haikutosha, na mji wa York ndo ushahidi wenyewe, ntaufikia.

Kwanza mtu mwenyewe. Kazaliwa Falaise, Normandy, kwenye 1027 au 1028, nje ya ndoa, na mwaka 1035 baba yake Robert akafia safarini akirudi kuhiji Yerusalemu, mtoto wa miaka saba au nane akabaki ndo mtawala. Walezi wake wakauawa mmoja baada ya mwingine, huku wakubwa wa Normandy wakijijengea ngome bila kumuomba ruhusa mtu. Alipowapiga pale Val-ès-Dunes mwaka 1047 mmoja wao, Guy, akakimbilia ngome yake ya Brionne akajifungia humo, na kumtoa ikawa kazi ya muda mrefu sana. Kwahiyo ngome William hakujifunza akiwa juu yake, alijifunza akiwa nje amezuiwa mlangoni. Na roho yake ilikuwa imeshakuwa ngumu, maana kwenye vita vya Alençon watu walitandika ngozi ukutani kumkejeli kwa upande wa mama yake (ukoo wa mama inasemekana ulikuwa wa kazi ya ngozi), basi alipowashika akawakata mikono na miguu.

Sasa ukisikia ngome za 1066 usifikirie mawe na madaraja ya kunyanyuliwa. Nyingi zilikuwa udongo na mbao. Unachimba handaki la duara, udongo wote unautupia katikati, unaushindilia tabaka kwa tabaka mpaka upate kilima, juu unaweka mnara wa mbao, pembeni unazungushia ua mkubwa kwa magogo, humo ndo zizi la farasi, jiko, stoo na askari. Haihitaji fundi wa maana, inahitaji majembe na watu wa kulazimisha. William alitua Pevensey tarehe 28 Septemba 1066 na hata kabla hajapigana na Harold, mfalme wa Uingereza wa wakati huo, alikuwa ameshajikita ndani ya kuta za ngome ya zamani ya Warumi, kisha akaenda Hastings akajenga nyingine.

Hiyo ya Hastings imo kwenye kile kitambaa cha Bayeux kilichotariziwa, kirefu karibu mita 70. Unaona wachimbaji na majembe yao, kilima kimechorwa kwa mistari ya rangi tofauti kama tabaka za udongo, na wawili kati yao wanapigana kwa majembe, kazi imewachosha au wamekosana huko, msimamizi anaelekeza tu. Kidogo mbele yake kuna nyumba, watu wawili wanaitia moto kwa mienge, na chini yake mwanamke anatoka kamshika mtoto mkono. Na hicho kitambaa kinaaminika kiliagizwa na Odo, askofu wa Bayeux, ndugu wa William kwa mama! Yaani hata walioshinda waliona hii ni sehemu ya kawaida ya habari, hawakuona haja ya kuificha.

Haya, upande wa utetezi, na uko na hoja, tusiudharau. Pale Hastings tarehe 14 Oktoba jeshi lake linakadiriwa lilikuwa kama watu 7,000. Nchi aliyoichukua ilikuwa na watu kama milioni mbili, hawajui lugha yake na hawampendi. Siku ya kutawazwa kwake Westminster, Krismasi ya 1066, watu walishangilia ndani ya kanisa, walinzi wake wa nje wakadhani ni fujo wakaanza kuchoma nyumba za jirani. Hapo unaona woga ulikuwa wa pande zote. Mtu wa namna hiyo bila ngome angelala wapi? Mwaka 1068 peke yake alizunguka akijenga Exeter, Warwick, Nottingham, York, Lincoln, Huntingdon, Cambridge, kila penye barabara au mto wa maana. Orderic Vitalis, mtawa aliyezaliwa 1075 karibu na Shrewsbury kwa mama Mwingereza, anasema wazi kuwa Waingereza walikuwa wapiganaji hodari ila ngome hawakuwa nazo, na ndo kilichowaangusha. Miji yenye kuta walikuwa nayo tangu enzi za mfalme Alfred, karne ya tisa, lakini ile ilikuwa ya kukinga mji mzima. Hii mpya inamkinga bwana dhidi ya mji, na ndo maana imekaa katikati ya nyumba za watu badala ya kukaa mpakani.

Hoja ya pili ni Wadenmark. Mwaka 1013 mfalme wao Svein kaichukua Uingereza, 1016 mwanae Cnut kaichukua tena, na baada ya William hakuna Mviking aliyefanikiwa. Hoja ya tatu ni usalama: mwandishi wa zile kumbukumbu za Kisaksoni, aliyewahi kuishi kwenye baraza la mfalme, anakiri kwamba enzi za William mtu aliweza kuvuka nchi na dhahabu kifuani asiguswe. Wanaopenda kumnukuu hapo huwa wanaishia hapo hapo, maana mwandishi huyo huyo kwenye habari hiyo hiyo analalamika kwamba alijenga ngome na kuwatesa sana maskini. Na wengine wanaongeza utumwa, kwamba Uingereza ya Wasaksoni haikuwa pepo, karibu mtu mmoja kati ya kumi walioandikwa Domesday alikuwa mtumwa, Bristol walikuwa wanauza watu Ireland, na baada ya Wanormani kuingia ile biashara ikafa. Ni kweli. Ila hiyo sifa nawapa zaidi maaskofu kina Wulfstan wa Worcester na Lanfranc waliokomaa nayo, vilima vya udongo havikuhusika.

Tuje York sasa. 1068 William kajenga ngome ya kwanza. Mwanzoni mwa 1069 watu wa Kaskazini wakaasi, kule Durham wakamuua Robert de Comines, mkuu aliyetumwa na William, na askari wake, halafu wakaizingira ngome ya York. William akaja mbio, akawatawanya, akajenga ngome ya pili kwa siku nane. Siku nane! Hiki ndo kisa kinachopendwa sana na wanaomsifu, ona kasi, ona akili. Wanachoruka ni Septemba ya mwaka huo huo. Meli za Wadenmark zikaingia mto Humber, zinatajwa kama 240, wakaungana na waasi wa Kiingereza, na askari wa Kinormani wakaona zile nyumba za jirani zitatumika kujazia handaki lao, wakazitia moto wenyewe. Moto ukawashinda. Ukaunguza mji na kanisa kuu la Mtakatifu Petro, na ngome zote mbili zikaanguka, askari wakachinjwa, mkuu wao William Malet akachukuliwa mateka na mkewe na watoto. Ngome mbili ndani ya mji mmoja, na zote hazikumaliza hata miaka miwili.

Alichofanya William baada ya hapo kinajulikana. Wadenmark aliwalipa waondoke, wala hakuwashinda kwa kuta. Krismasi ya 1069 akaisherehekea York penye majivu, taji limeletwa kutoka Winchester, na kipindi hicho cha baridi jeshi lake likawa linachoma ghala, mifugo, majembe, mbegu, kila kitu cha kumfanya mtu aendelee kuishi. Walionusurika walitembea mpaka Evesham, kusini huko mbali, abati Æthelwig akawa anawalisha na wengine walifia pale pale baada ya kupewa chakula. Orderic, ambaye mara nyingi humsifu William, anasema hili hawezi kulisifu, na anataja watu 100,000 waliokufa kwa njaa.

Kuna wanahistoria wanaopunguza makali hapa na lazima tuwasikilize. Orderic aliandika kama miaka 50 baadaye na laki moja kwa waandishi wa wakati ule ilimaanisha tu "wengi mno". Pia yale maneno ya Domesday kwamba kijiji fulani ni mahame inawezekana mara nyingine karani alimaanisha hamna kodi inayokusanywa au shamba limehamishiwa kwa mwingine, na jeshi moja kwa msimu mmoja haliwezi kufika kila kona ya Yorkshire. Nakubali sehemu kubwa ya hayo. Punguza namba kwa nusu ukitaka, punguza tena, bado unabaki na mfalme aliyetumia njaa kwa sababu ngome zake zilikuwa zimeshindwa. Na ndo ninapotofautiana na wale wanaosema ngome ilikuwa njia ya nafuu ya kutawala bila kumwaga damu nyingi. Kule Kaskazini ngome ilikuja kukaa imara baada ya waliokuwa na uwezo wa kuishambulia kufa au kukimbia, siyo kabla. Durham kwa mfano imejengwa 1072.

Mawe nayo yana siasa yake. Ule mnara mweupe wa London ulianza kwenye miaka ya 1070 chini ya Gundulf, askofu wa Rochester, mawe mengine yakaletwa kwa meli kutoka Caen, kuta chini zina unene wa karibu mita nne na nusu na kimo ni kama mita 27. Ukiusoma kwa karibu kuna ujanja mmoja naupenda sana, paa la mwanzo lilikuwa chini zaidi, kuta zikapandishwa juu yake ili mtu wa mtaani aone jengo refu kuliko lilivyo ndani. Yaani sehemu ya juu ilikuwa picha tu. Colchester nako walijenga juu ya msingi wa hekalu la Klaudio la Warumi, wakatumia tena matofali ya Kirumi, ujumbe ni huo huo, sisi ndo warithi wa dola. Ndo maana siku hizi wengi wanasema ngome ilikuwa onyesho la ukubwa kuliko silaha. Kwa majengo ya mawe ya baadaye naelewa, lakini kwa kile kilima cha siku nane pale York sidhani kama kuna mtu alikuwa anafikiria urembo.

Na bado kuna jambo ambalo watetezi wake hawapendi kuligusa: ngome haina uaminifu kwa aliyeijenga. Inamtii aliye ndani. Mwaka 1075 Ralph, Earl (mtawala wa jimbo) wa East Anglia, akaasi, akakimbilia ng'ambo, mkewe Emma akabaki ameshikilia ngome ya Norwich kama miezi mitatu dhidi ya jeshi la mfalme mpaka akapewa masharti ya kuondoka salama. Ngome ile ile iliyomeza nyumba 98. Baadaye enzi za mfalme Stephen, kuanzia 1135, kila mkubwa akajipandishia yake na wanyonge wakaumia mpaka Henry wa Pili akaja akawa anazibomoa.

Ila kisa kinachonifurahisha zaidi ni cha 1088. William kafa Septemba 1087, mwanae William Rufus kachukua Uingereza, na Odo, huyo huyo wa kitambaa cha Bayeux, akaongoza wakubwa wa Kinormani kumpindua kutoka kwenye ngome za Pevensey na Rochester. Rufus akakosa wa kumtegemea kati ya watu wake, akawaita Waingereza, akawaahidi sheria nzuri na kuwapunguzia kodi, wakaja kwa wingi. Wakazizingira ngome za Wanormani mpaka njaa ikawatoa waliokuwa ndani. Odo alipotoka Rochester, Orderic anasema Waingereza walikuwa wanapiga kelele kamba ziletwe wamnyonge. Rufus hakumnyonga, alimwachia akaenda zake Normandy bila mashamba yake ya Kent, na zile ahadi za kodi alizowapa Waingereza hakuzitimiza.