Hela si neno la kuonea aibu

Wapo walimu na wahariri wanaokata neno "hela" kila wanapolikuta na kuandika "fedha" juu yake, eti hela ni lugha ya mtaani. Sikubaliani nao hata kidogo. Neno hilo lina ukoo, tena wa mbali.

Kusini mwa Ujerumani kuna mji wa chumvi ulioitwa Hall, siku hizi Schwäbisch Hall. Kwenye miaka ya 1200 mji huo ulikuwa ukigonga kisarafu cha madini ya fedha, upande mmoja mkono, upande wa pili msalaba. Watu wakakiita kwa jina la mji: Haller, baadaye Heller. Kadiri miaka ilivyopita fedha ndani yake ilipunguzwa na shaba ikaongezwa, mpaka sarafu ikawa nyekundu na thamani ikaporomoka. Mjerumani aliyeishiwa husema mpaka leo kwamba hana hata heller nyekundu. Nenda Dodoma au Tanga umsikilize mtu anayesema "sina hata hela". Ni kilio kilekile.

Huku kwetu Kampuni ya Kijerumani ya Afrika Mashariki ilianza mwaka 1890 kutoa rupia na pesa zake, pesa 64 kwa rupia moja. Mwaka 1904 serikali ya Kaisari wa Ujerumani ikachukua kazi hiyo, ikaondoa hesabu ya 64 na kuweka heller 100 kwa rupia. Hizo ndizo zilizoingia sokoni, kuanzia nusu heller ya shaba hadi ile ya heller 10 yenye tundu katikati. Wakati huo kodi ya nyumba iliyotozwa na serikali ya Kijerumani ilikuwa imeshaanza tangu 1898, na mwananchi alilazimika kuzitafuta sarafu hizo atake asitake. Ndiyo maana siwezi kuliona neno hili kama mzaha wa vijana. Babu zetu walilijua kwa jasho.

Kisha Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia. Meli za Waingereza zilifunga bahari, sarafu kutoka Ujerumani zikakoma, na mwaka 1916 karakana ya reli ya Tabora ikageuzwa kiwanda cha kugonga sarafu. Wakusanyaji wa sarafu wanagombania ile ya dhahabu ya rupia 15 yenye picha ya tembo, iliyotengenezwa kwa dhahabu ya mgodi wa Sekenke. Mimi naithamini zaidi heller 20 ya Tabora, ya shaba, yenye sura mbovumbovu na herufi T. Hiyo ndiyo iliyozunguka mikononi mwa watu wa kawaida.

Waingereza walileta shilingi mwaka 1921. Heller ikaondoka sokoni, lakini Mtanzania alikuwa ameshalipatia jina hilo kazi kubwa zaidi: sarafu ndogo kuliko zote ikawa jina la mali yote ya mfukoni. Kamusi zetu zinalitambua neno hilo. Basi na vitabu vya historia vya shule viichapishe picha ya heller ya Tabora, na mwanafunzi anayeandika "hela" kwenye insha yake asikatwe alama.